Mdhamini wa Neno la Mwisho

Wenye kuketi na waketi, wenye haraka na watangulie, maana hadithi hii inakwenda mwendo wa ofisi ya serikali. Nchi yenyewe siitaji jina, na si kwa woga. Inajitaja yenyewe vya kutosha, asubuhi redioni, mchana kwenye mabango na jioni redioni tena, nami nikiongeza langu nitakuwa nawachosha. Tosheni kujua kwamba ilikuwa nchi njema, tulivu, na kwamba yote nitakayosimulia yalifanywa kwa nia safi.

Nchi hiyo ilikuwa inaandika kamusi. Kiongozi wake, aliyeitwa Mlezi wa Taifa kwa sababu neno rais lilikwisha chakazwa na nchi nyingine, alisikia kwamba majirani wana kamusi ya kurasa mia tisa. Akaamuru ya kwake iwe na kurasa elfu moja na moja. Ikajengwa Taasisi ya Maneno Yetu, ghorofa nne, na kila herufi ikapewa kurugenzi yake, yenye mkurugenzi, naibu, katibu muhtasi na gari. Herufi Q nayo ikapewa, ingawa lugha yao, kama hii yetu, haina neno hata moja la kuanzia na Q. Kurugenzi hiyo ilichukua kikombe cha ufanisi kila mwaka, maana taarifa yake ilisema kazi yote imekamilika kwa asilimia mia, na hakuna aliyeweza kuipinga.

Herufi Z ilikuwa chini kabisa, katika chumba kilichopakana na jenereta, na wafanyakazi wake wote walikuwa Hamdani Chambuso. Alikuwa mtu mwembamba, miwani yake imefungwa uzi upande mmoja. Aliwahi kuwa katika herufi K, ambako kuna maneno mengi na heshima, akashushwa hadi Z kwa kosa la kumaliza kazi kabla ya wenzake. Yeye hakuona kama ameshushwa. Aliona kwamba Z ndiyo herufi ya mwisho, na mtu akimaliza ya mwisho anakwenda nyumbani.

Kwenye droo yake ilikaa barua ya kustaafu, imesainiwa na kupigwa muhuri. Huko kwao Mbwegani mdogo wake alikwisha mpandia miche kumi na miwili ya michungwa. Kwa miaka kumi na tisa Hamdani alikuwa akiitoa barua ile, akisoma mstari wa kwanza wenye jina lake na neno atastaafu, akairudisha mahali pake kama mtu anayechungulia chungu bila kuonja.

Siku aliyomwambia mkewe kwamba limebaki neno moja tu, Mwanakombo hakungoja la pili. Alasiri ile ile alichukua spana akafungua kitanda chao cha mninga, kile walichotunzwa siku ya harusi. Mbao akazifunga kwa kamba na kuzisimamisha ukumbini, nati akazitia katika kopo la bati la rangi ya buluu. Wakawa wanalala chini, godoro juu ya mkeka, kama wasafiri.

"Neno moja ni la siku ngapi, Baba Nasra?" akauliza.

Hamdani akamwambia siku mbili, tatu zikizidi.

*

Hapa inabidi nieleze jambo, kwa kuwa wageni huwa hawalielewi. Katika kamusi za nchi nyingine mwandishi akitaka mfano wa neno hutunga sentensi kichwani mwake. Mlezi wa Taifa aliona huo ni uongo wa mchana kweupe. Kamusi ya taifa itajaaje watu wasiokuwepo, wakifanya mambo yasiyofanyika? Ikapitishwa Sheria ya Mifano Hai. Kila sentensi ya mfano lazima iwe na mdhamini, raia aliye hai, mwenye kitambulisho, anayeapa kwamba sentensi hiyo ni kweli kuhusu maisha yake. Jina lake linaandikwa chini ya sentensi. Na kwa kuwa kamusi ni ya kudumu, sentensi nayo lazima idumu kuwa kweli. Kila mwaka Mkaguzi wa Mifano huzunguka nchi nzima na mkoba wa mihuri, akiuliza swali moja tu: je, bado ni kweli?

Lilipofika neno njaa, kwa mfano, palikuwa na mashaka, maana katika nchi ile hapakuwa na mwenye njaa. Likaokolewa na Waziri wa Chakula mwenyewe, aliyekuwa amekatazwa na daktari kula hadi apimwe damu. Aliapa saa nne asubuhi. Tangu hapo kila mwaka siku ya ukaguzi waziri hukosa kifungua kinywa kwa ajili ya taifa, na picha yake hutoka gazetini.

Wengine hawakuwa na wepesi huo. Bi Kidawa, mama muuza mihogo ya kuchoma langoni mwa Taasisi, alidhamini neno kuku kwa kusema, "Nina kuku wanne." Alisema hivyo kwa sababu siku ile alikuwa nao wanne. Sasa ni mwaka wa kumi na tano hajaruhusiwa kuwa na watano. Kuku akiangua, vifaranga vinagawiwa majirani kabla Mkaguzi hajafika, na mwewe akinyakua mmoja, bibi wa watu anahaha mtaa mzima kuazima.

Mbaya zaidi alikuwa Mshamu, dereva wa Kurugenzi ya Q. Alipokuwa kijana wa miaka ishirini na sita aliletewa fomu ya neno kapera. Akacheka, akaandika, "Mimi ni kapera," akapigwa picha. Miaka minne baadaye akachumbia binti mmoja aitwaye Tabu, mshonaji wa sare za shule. Harusi ilipangwa mara tatu na mara tatu ikavunjwa kwa barua ya Mkaguzi, iliyomkumbusha kwa adabu kwamba kutoa uongo katika kamusi ya taifa ni miaka kumi na miwili jela. Sasa Mshamu alikuwa na mvi kidevuni, na Tabu bado alikuwa akimshonea mashati na kumwachia kwa mama yake Mshamu, kwa kuwa nyumbani kwa Mshamu mwenyewe haruhusiwi kuingia.

Fomu zile mbili, ya kuku na ya kapera, zilipelekwa na Hamdani Chambuso, enzi za herufi K. Alizipeleka kwa moyo mkunjufu, akiamini anawapa watu wale heshima ya kuandikwa. Mchana alikula pamoja na Mshamu, muhogo wa Bi Kidawa na chachandu, na Mshamu hakuwahi kumlaumu hata siku moja. Angelaumiwa, pengine Hamdani angelala vizuri zaidi.

*

Neno lililobaki lilikuwa kuzinduka.

Hamdani angeliruka kimya kimya, kama alivyoliruka zandiki, yaani mnafiki, ila hili lilikuwa limetamkwa na Mlezi mwenyewe, na kila neno lililotoka kinywani mwa Mlezi lazima liwemo. Ilikuwa Siku ya Shukrani, uwanjani, saa ya nne ya hotuba, jua la utosi. Mlezi aliinua macho kutoka kwenye karatasi akatazama safu mbili za mbele, akapiga meza na kusema, "Zindukeni!" Kisha akaendelea na habari ya mbolea.

Kamati Kuu ya Maana ikaitishwa. Mwenyekiti wake alikuwa Mkurugenzi Mkuu, Mheshimiwa Profesa Luponda Mtagwa, ambaye uprofesa wake ulikuwa wa samaki wa maji baridi. Alifungua kikao kwa kusema kwamba lugha ni mto, na kwamba mto bila kingo ni mafuriko, na kwamba wajumbe ndio kingo, na chai ikaletwa.

Hamdani akasoma maana alizokusanya. Ya kwanza, kuamka ghafla kutoka usingizini. Profesa akamsimamisha. Je, Mlezi alimwambia nani aamke? Waliokaa mbele walikuwa mawaziri, nao walikwisha toa taarifa kwamba hawakulala, walikuwa wakitafakari kwa kufumba macho. Maana ya kwanza ikafutwa. Ya pili, kurudiwa na fahamu baada ya kuzirai. Ni kweli kwamba siku ile watu thelathini na sita walianguka kwa jua, lakini taarifa rasmi ilisema walipiga magoti kwa mapenzi. Nayo ikafutwa. Ikabaki ya tatu, na Hamdani akaisoma kwa sauti ya chini: kutambua kwamba ulichokuwa unakiamini hakikuwa kweli.

Vikombe vikatulia visahanini. Ili kuwaondolea wajumbe wasiwasi, Hamdani akawaeleza asili ya neno. Zamani, akasema, mtu alikuwa akizindika shamba lake, yaani analifanyia dawa. Mwizi akiingia hauoni tena mlango. Anazunguka humo humo na furushi kichwani usiku kucha, akiamini yuko njiani kwenda kwao, mpaka mwenye shamba aje amzindue. Hapo ndipo mwizi anapoona kwamba hajatoka hata hatua moja, na mwenyewe humwachia aende, maana aibu inatosha.

Mjumbe wa herufi X akasema ni hadithi nzuri ila haina maadili.

Profesa Mtagwa akamaliza chai yake. Kisha akasema kwamba msimamo wake ni huu: kuzinduka ni amri ya Mlezi, kwa hiyo ni jambo jema. Lakini mtu atakayekubali kwamba amezinduka atakuwa amekiri kwamba aliwahi kudanganywa, na katika nchi hii hakuna anayedanganya.

"Kwa hiyo, Mzee Chambuso," akamalizia, "tutafutie mdhamini mmoja tu. Raia mwema aliyezinduka bila kudanganywa na mtu. Una siku kumi na nne. Zikipita, tutaiita hujuma, si kwa kupenda kwetu."

*

Hamdani akatoka na fomu yake kwapani. Kinyozi wa jirani alicheka hadi ikabidi mteja amwombe aweke wembe chini. Mwalimu mmoja mstaafu alimfungia mlango taratibu, kisha akaufungua tena kumuuliza kama amefuatwa na mtu. Bi Kidawa aliipindua mihogo yake juu ya makaa, wala hakuinua uso.

"Mwanangu," akamwambia, "neno hilo hapa mtaani kila mtu analo, ila hatulitumii kwa mdomo. Mimi ulishanifunga na kuku. Sasa unataka kunifunga na nini tena?"

Alimpa muhogo wa bure, na huo ndio uliomuuma Hamdani kuliko maneno.

Siku ya saba Taasisi ikatoa tangazo gazetini: Anatakiwa raia mmoja aliyezinduka, mwenye umri wa miaka kumi na minane au zaidi, afike na picha mbili. Wakaja watatu. Wote walivaa viatu vyeusi vya aina moja, na sentensi zao zilikuwa za kuliza, zimeandikwa kwa mwandiko uliofanana. Hamdani alikuwa hajamaliza kuwakaribisha walipotoleana vitambulisho na kukamatana, kila mmoja akiwa ametumwa na idara yake kumnasa atakayekuja. Walitoka wameshikana mikono kama watu wa mduara, na mpaka leo kila idara inadai mwenzake ndiye mhaini.

Hapo Hamdani akaona bora ajidhamini mwenyewe, kwa jambo dogo lisilomgusa mtu. Aliandika, "Nilidhani paka wa ofisi anakamata panya; nimezinduka." Kamati ikamrudishia karatasi siku hiyo hiyo. Paka yule aliorodheshwa kama Ofisa Udhibiti wa Panya, Daraja la Tatu, na maziwa yake yalikuwa yakipokelewa kila mwezi na Mkurugenzi wa Q. Hakukuwa na dosari yoyote katika jalada la paka, isipokuwa kwamba hakuna aliyewahi kumwona.

Jioni ya siku ya kumi na moja, wamekaa juu ya godoro lao na sinia la wali katikati, alimuuliza mkewe kama kuna jambo lolote ambalo yeye Hamdani amekuwa akilidhani siku zote na kumbe sivyo. Mwanakombo alitafuna kwanza.

"Supu ya pweza," akasema. "Siipendi. Sijawahi kuipenda."

"Miaka thelathini na moja, Mama Nasra?"

"Ulikuwa unaileta ukiwa na furaha. Ningefanyaje?"

Hamdani alicheka. Alimwona mkewe akinywa bakuli zote zile, Ijumaa baada ya Ijumaa, na akampenda upya na kumwonea huruma kwa wakati mmoja. Alikwisha shika kalamu aandike sentensi yake, safi, ya kweli, isiyomgusa mkubwa yeyote, alipokumbuka herufi P. Chini ya neno pweza palikuwa na sentensi, "Mke wangu anapenda supu ya pweza," na mdhamini wake alikuwa H. Chambuso. Alikuwa ameisaini kwa haraka mwaka wa tatu wa kamusi, kumsaidia mwenzake wa P. Akaichana karatasi vipande vidogo. Mwanakombo akajua kuwa supu ile ataendelea nayo.

*

Siku ya kumi na nne Hamdani aliingia mbele ya Kamati mikono mitupu. Hakuwa na hasira. Alikuwa mtu aliyechoka, na alisema alichokuja kusema: wamwache. Neno waliandike bila mfano, au waruke kutoka zimwi hadi ziwa, yeye hatamwambia mtu. Alikwisha tumika, ana barua. Akaitoa mfukoni na kuiweka mezani.

Profesa Mtagwa aliipokea kwa mikono miwili, akavaa miwani, akamwomba mwenyewe aisome kwa sauti ili iingie katika kumbukumbu. Hamdani akasoma mstari wa kwanza kwa moyo, bila kutazama. Wa pili ilibidi autazame, kwa kuwa katika miaka kumi na tisa hakuwahi kuufikia. Ulisema kustaafu huko kutaanza siku kamusi itakapokamilika.

"Na itakamilika," akasema Hamdani. "Hii ndiyo Z."

Profesa akamtazama kwa huruma ya kweli. Nataka ieleweke kwamba hakuwa mtu mbaya. Akamweleza kama baba anavyomweleza mwanawe kwamba baada ya Z inafuata A. Mifano ya A ilikusanywa miaka kumi na tisa iliyopita, na wadhamini wake wengi walikwisha fariki. Aliyedhamini neno afya hakumaliza hata robo mwaka. Lazima watafutwe wapya, na A ikiisha, B itakuwa imezeeka.

"Lugha haikamiliki, mzee wangu," akasema. "Na mradi unaokamilika ni mradi uliokosa viongozi."

Huko chini jenereta ilikuwa ikinguruma. Hamdani alikiona kitanda kimesimama ukumbini na kamba zake. Aliiona michungwa, ambayo hakuwahi kuiona kwa macho, mistari miwili, sita kwa sita. Akashika ukingo wa meza. Hakuwa akimwambia mtu alipofungua kinywa, yalitoka yenyewe.

"Nilidhani nikimaliza Z nitakwenda nyumbani."

Profesa aliinua kidole kuwazuia wengine wasikohoe. "Na sasa?" akauliza, taratibu, kama mtu anayenyatia kuku.

"Sasa nimezinduka."

Kalamu ya katibu ilisikika ikikwaruza karatasi. Halafu wakapiga makofi, wajumbe wote, wamesimama. Hamdani aligeuka nyuma kuona ni nani anayepigiwa. Fomu ilikwisha jazwa. Sentensi ilikuwa nzuri, fupi, haikumtaja mkubwa wala mdogo, na hapana aliyemdanganya, maana barua ilisema wazi na yeye ndiye aliyeacha kuisoma. Mjumbe wa X alikiri kwamba hata maadili inayo. Profesa akamsogezea wino.

"Ni kweli au si kweli, Mzee Chambuso?"

Ilikuwa kweli. Maisha yake yote Hamdani hakuwahi kukataa kusaini sentensi ya kweli, na hakujua kukataa kunavyofanyika. Akasaini.

Mshamu ndiye aliyemkuta kwenye ngazi, na ndiye aliyemwomba karatasi aisome. Aliisoma mara mbili. Alikuwa amezoea kusoma vitu vya namna hiyo.

"Mzee wangu," akasema, "siku utakapokwenda nyumbani sentensi hii itakuwa uongo."

Hamdani akakaa kwenye ngazi. Mwizi wa zamani alipozinduka alionyeshwa njia akaondoka shambani. Yeye alizinduka, na kwa kuzinduka huko ndiko alikofungwa. Alimtazama Mshamu na mvi zake za kidevuni, akamwambia lile ambalo alipaswa kulisema zamani, kwamba amsamehe kwa fomu ya kapera. Mshamu akajibu kuwa yalikwisha. Wote wawili walijua hayajaisha.

*

Kamusi ilitolewa kwa shangwe, mizinga ikapigwa ishirini na minne, mmoja kwa kila herufi iliyo na maneno, na miwili iliyobaki haikupigwa, kwa heshima ya Q na X. Siku ya tatu ikaja amri. Wadhamini wa maneno mengine waliweza kupotea wakapatikana wengine, lakini wa kuzinduka alikuwa mmoja tu nchi nzima, na hazina ya taifa haiachwi kuzagaa mitaani. Hamdani Chambuso ataishi Taasisini, katika chumba chake cha jenereta, akiendelea na herufi A.

Mwanakombo hakulia. Aliuliza tu, "Kwa hiyo kitanda nikifunge au nisikifunge?" kisha akamwita Mshamu. Kitanda kikapakiwa kwenye gari la Kurugenzi ya Q, na huo ukawa mzigo wa kwanza wa kikazi gari lile kubeba. Wakakiunga katikati ya makabati ya mafaili, Mwanakombo akikaza nati moja moja kwa spana.

Mshamu akasema mbao zimelegea kwa kukaa wima muda mrefu, heri azipigilie misumari zisilie.

"Acha," akasema Mwanakombo. "Nati zinatosha. Tukiondoka tutakihangaikia nini?"

Akalitia kopo la buluu mvunguni, na spana ndani yake. Hamdani aliliona, akaliacha hapo hapo. Ila tangu siku ile alianza kufanya kazi ya A kwa bidii, kisha akajikemea, kisha akaanza tena. Mdogo wake akaandika kwamba michungwa imezaa, akaambatisha kapu. Hamdani aliyapanga machungwa juu ya kabati, akawa anayatazama asubuhi kabla ya kuvaa miwani.

Mkaguzi wa Mifano alikuja mwezi wa sita. Alikuwa mtu mfupi, mwenye adabu, alibisha hodi hata mlango ukiwa wazi. Alimsalimu Mwanakombo, akaulizia watoto, akafungua mkoba wa mihuri na kusoma: "Nilidhani nikimaliza Z nitakwenda nyumbani, sasa nimezinduka. H. Chambuso. Je, bado ni kweli?"

"Bado ni kweli," akasema Hamdani.

Mkaguzi hakugonga muhuri. Alikuwa akiyatazama machungwa. Akauliza ya wapi, akaambiwa ya nyumbani. Akainama, akachungulia mvunguni, akavuta kopo la buluu na kulitikisa, likalia.

"Kitanda hiki kinafunguka?" akauliza.

"Kinafunguka," akasema Mwanakombo.

"Mama, samahani. Kitanda cha mtu asiyetarajia kwenda popote kinafunguka kwa nini?"

Mkaguzi alieleza kwa upole kwamba hakuja kumkomoa mtu. Angeandika alichokiona, na alichokiona ni tumaini, na tumaini likiwemo basi sentensi ni ya uongo, na uongo ni miaka kumi na miwili, tena katika jengo ambamo mama hataruhusiwa kulala. Yeye angependa zaidi kukuta sentensi ya kweli. Akasema atangoja hapo nje, akatoka, akaacha mlango wazi.

Mwanakombo alisimama akimtazama mumewe. Hamdani akashindwa kumtazama yeye. Mwishowe ni Mwanakombo aliyemwita Mshamu, na ni yeye aliyemshikia taa ya mkono kwenye pembe zenye giza. Mshamu akafungua nati zote nne, akapigilia misumari ya inchi nne mahali pake, miwili kila pembe, na kila nyundo ilipotua Hamdani aliusikia mlio ndani ya meno. Mwanakombo alizikusanya nati kiganjani zikiwa bado na joto la spana. Alizifumbata kidogo. Halafu akazitia koponi, akampelekea Mkaguzi mlangoni, yeye mwenyewe, asitumwe mtu.

Mkaguzi akalipokea kopo, akalitia mkobani kando ya mihuri. Akarudi ndani, akakitikisa kitanda kwa mkono mmoja. Hakikucheza.

"Je, bado ni kweli?"

"Sasa ndiyo," akasema Hamdani Chambuso.

Muhuri ukagongwa. Mkaguzi akaaga, akapewa chungwa moja la njiani, akashukuru.

Nami nilikotoa hadithi ndiko ninakoirudisha. Asiyenisadiki asigombane nami. Akafunue kamusi yao, ukurasa wa elfu moja, atalikuta neno na jina lake chini. Akipita langoni anunue muhogo kwa Bi Kidawa, ila asimpe zawadi ya kuku.